Kivuli cha alasiri

Ukitaka kulijua joto la Al Amerat, usitazame kipimo cha simu. Ngoja watu waswali isha, toka uani, weka kiganja kwenye ukuta wa magharibi wa nyumba. Miaka ya mwanzo tulipohamia hapa, ukuta wetu ulikuwa haushikiki. Saa tatu usiku mwezi wa Juni, jua limeshazama zamani, na tofali bado zinafuka moto kama chungu kilichoepuliwa sasa hivi. Nyuma ya ukuta huo ndicho chumba cha Mama. Kiyoyozi chake kilikuwa hakizimwi, na yeye mwenyewe usingizi ulikuwa haumjii mpaka karibu na alfajiri.

Al Amerat ni bonde nyuma ya Maskati, mji mkuu wa Oman, limezungukwa na majabali meusi yasiyo na mti. Majabali hayo hunywa jua mchana kutwa na kulitapika usiku. Barabara inayotoka hapa kwenda kusini inafika Qurayyat, mji ambao tarehe 26 Juni 2018 ulikaa saa 24 nzima, mchana na usiku, bila ya joto kushuka chini ya nyuzi 42.6. Wakati ule ilitangazwa kuwa hakujapata kurekodiwa popote duniani siku ambayo kiwango chake cha chini kabisa kilikuwa juu namna ile. Sisi tuko njia moja na Qurayyat. Kwa hiyo ninapozungumzia mti wa kivuli sizungumzii pambo la nyumba. Nazungumzia mtu mzima mwenye zaidi ya miaka themanini, aliyezoea kukaa nje, na nyumba iliyokuwa ikimfungia ndani miezi mitano kwa mwaka.

Wazee wangu walikuja Oman mwaka 1974 kutoka Unguja, kama maelfu ya wenzao wenye asili ya Oman waliorudi baada ya mwaka 1970. Mama alikulia Kikwajuni, na uani kwao palikuwa na mkungu. Mkungu kwake si mti tu. Ndipo alipofundishwa kusuka ukili, ndipo watoto walipoogeshwa, ndipo nazi zilipokunwa. Anausimulia mpaka unauona: matawi yametandazwa tabaka kwa tabaka kama sinia zilizopangwa, majani mapana kama viganja viwili, na chini yake ardhi baridi hata saa saba mchana. Tulipopata kiwanja cha mita za mraba 600 tukajenga, neno lake la mwanzo kuhusu ua lilikuwa, "Mwanangu, nipandie mkungu."

Nikampandia, mwaka 2006, mbele ya dirisha lake.

Mkungu unaota Maskati, tusidanganyane. Huku wanauita bidamu, na utauona karibu na bahari, kwenye nyumba za zamani zenye visima vizuri. Lakini Mji wa Unguja hupata zaidi ya milimita 1,500 za mvua kwa mwaka, na Maskati hupata kama 100, tena kwa siku chache za kuhesabika. Mti wenye majani mapana kiasi kile unatoa jasho kama mtu anayekimbia, na kila tone lazima ulirudishie wewe. Kisha ukaja upepo wa gharbi, ule unaotoka jangwani ukavu kama pumzi ya tanuri. Ncha za majani zikaanza kugeuka kahawia, kahawia ikatambaa ndani, na juu ya udongo nikaona ukungu mweupe kama unga. Ilikuwa chumvi. Nilikuwa namwagilia maji kidogo kila siku, jua linakausha maji na kuacha chumvi juu, na mizizi iko papo hapo juu inaisubiri. Mwaka wa pili mti ukafa umesimama. Mama hakusema kitu. Alikwenda akaokota jani moja lililoungua, akalikunja, akalitia katika mfuko wa kanzu yake.

Baada ya hapo nikataka haraka, na kila mwenye haraka Maskati huuziwa damas. Kwenye vitalu vya miche vya kando ya barabara, ambavyo wenyewe wanaviita mashtali, ndio uliopangwa mbele. Ni mti wa pande hizi hasa, asili yake Somalia na Yemeni. Unavumilia chumvi, unavumilia joto, hauvui majani, na kwa miaka mitatu unakuwa ukuta wa kijani. Nikapanda mitano kwa mstari upande wa magharibi, na kwa kweli mwaka wa tatu tulianza kupata kivuli.

Mwaka wa nne choo kikaanza kurudisha maji. Karo letu, shimo la maji machafu, lilikuwa mita tatu kutoka kwenye ule mstari. Fundi alipofunua mfuniko alinyamaza kidogo kisha akaniita nije nione. Ndani ya bomba kulikuwa na mizizi imesokotana kama mkia wa farasi, myekundu, laini, imelijaza bomba lote kwa urefu wa zaidi ya mita. Ilikuwa imeingia kwenye kiungo, penye ufa usiotosha hata ukucha, ikakuta maji na mbolea ikatulia. Akaivuta kwa mikono miwili, ikatoka kipande kimoja chenye umbo la bomba lenyewe.

Sisemi damas ni mti mbaya. Kando ya barabara kuu, mbali na mabomba, penye maji ya chumvi tu, unafanya kazi ambayo miti mingi haiiwezi. Lakini katika ua wa nyumba wenye karo na bomba na msingi wa ukuta, mti unaokua mbio unakua mbio pande zote mbili, na upande wa chini huuoni mpaka ushalipa fundi. Ikakatwa yote mitano, mwaka 2012, mwezi wa Juni. Tukabaki na ukuta mtupu kama tulivyoanza.

Juni ile ndiyo niliyofanya jambo ambalo ningelifanya tangu siku ya kwanza. Nilichukua mawe madogo nikatoka nayo kila baada ya saa moja, nikaweka jiwe pale kinapoishia kivuli cha nguzo ya kuanikia nguo. Maskati iko karibu sana na mstari wa Tropiki ya Kansa, kwa hiyo katikati ya Juni jua la adhuhuri linasimama utosini. Nguzo haikuwa na kivuli kabisa, na ukuta wa kusini ambao mimi siku zote nikiudhania ndio adui haukupigwa na jua hata kidogo. Adui alikuwa magharibi. Kuanzia saa nane mchana jua lilishuka likiangalia ukuta wa chumba cha Mama uso kwa uso, na kadiri lilivyoshuka lilisogea kaskazini, mpaka likazama nyuzi kama 26 kaskazini ya magharibi kamili. Mawe yangu yalichora mkunjo ambao sikuutegemea.

Na hapa kuna kipimo ambacho Muislamu yeyote anacho bila ya kununua. Tulifundishwa chuoni, kwenye Kurani, kwamba wakati wa alasiri unaingia kivuli cha kitu kinapolingana na urefu wake, baada ya kutoa kile kivuli cha adhuhuri. Maskati mwezi wa Juni kivuli cha adhuhuri ni kama hakuna. Kwa hiyo muadhini anapoadhini alasiri, mti wa mita tano una kivuli cha mita tano. Ukiupanda mita nne kutoka ukutani, adhana inapolia kivuli chake kimeshagusa ukuta na kimeanza kuupanda. Ukiupanda mita tisa, unatia kivuli mchanga mpaka jua liwe limemaliza kazi yake. Nilikaa pale na futi na daftari, nikaona kuwa miaka sita nilikuwa nauliza swali la pili kabla ya la kwanza. Nilikuwa nauliza mti gani, na sikuwa nimeuliza wapi.

Disemba nikarudia na mawe. Jua la adhuhuri linakuwa limeinamia kusini, nyuzi kama 43 tu juu ya upeo wa macho, linaingia mpaka ndani ya baraza. Mama hupenda kuliota asubuhi akiwa na kikombe cha chai ya tangawizi. Basi upande wa kusini tukauacha wazi, na mpaka leo uko wazi.

Kuhusu mti gani, nilikwenda kwa Ami, ndugu wa marehemu Baba, anayekaa Nizwa. Shamba lake linakunywa maji ya Falaji Daris, mmoja katika mifalaji mitano, yaani mifereji ya kale ya maji, ya Oman iliyoingizwa katika urithi wa dunia wa UNESCO mwaka 2006. Maji huko yanagaiwa kwa wakati, kwa athari, na athari moja ni kama nusu saa. Zamu ya Ami ikifika anafungua kizuizi cha mfereji, maji yanaingia shambani yanajaza kila jaruba mpaka ukingoni, kisha anafunga, na miti haioni maji tena mpaka zamu nyingine. Juu kuna mitende, chini ya mitende kuna milimau na miembe, chini yake majani ya ng'ombe. Ukiingia humo kutoka barabarani unahisi umefungua mlango wa chumba kingine.

Nilimwambia nataka basi kupanda mtende. Akanambia, "Mtende mmoja hauna kivuli, Mama. Kivuli chake kiko kwa jirani. Kivuli cha mitende ni cha mitende mia." Ami ananiita Mama kwa sababu nimepewa jina la mama yake. Na kweli, ukiutazama mtende mmoja wenye shina refu, kile kichwa chake kinatupa kivuli cha duara kinachotembea uani kama mpita njia.

Kisha akaniuliza nawapaje maji miti. Nilipomweleza, kidogo kila jioni, akatikisa kichwa. "Mti unaonyweshwa kikombe hauteremki chini. Atateremka kufuata nini?" Nikamkumbuka mwarobaini wa jirani yetu ulioanguka katika kimbunga cha Gonu, Juni 2007. Ulikuwa mti mkubwa, kivuli chake kikifunika magari mawili. Asubuhi ya pili tuliukuta umelala juu ya ukuta, na kitako cha mizizi kimesimama hewani kama sinia la duara, pana mita tatu na nene kama dhiraa moja. Chini ya hapo hapakuwa na mzizi. Ulinyweshwa kila siku kwa bomba la matone lililozungushwa shinani, kwa hiyo miaka kumi na tano mti mzima uliishi katika maji ya robo mita. Nilikuwa nimeuona kwa macho yangu na sikuwa nimeelewa ninachokiona.

Mwarobaini wenyewe nausifu. Mama alipokwenda hija alirudi akihadithia kivuli cha Arafa, kwani uwanja ule umepandwa miarobaini kwa maelfu, na mahujaji waliotoka pwani yetu wanashangaa kuukuta mti wa dawa wa bibi zao umewasubiri huko. Unakua upesi, kivuli chake ni kizito lakini kina upepo, na wadudu wanauogopa. Kasoro yake ni kuwa mizizi yake nayo inapenda mabomba, ingawa si kwa ujeuri wa damas, na matunda yake yakiiva yanaganda sakafuni. Tukaamua kuwa tutapanda mmoja, mbali, pembeni linapokaa gari.

Mti uliokuwa ukinivuta mimi ni mghafu. Ukienda kwenye mchanga wa Sharqiya utaukuta umesimama peke yake, kijani, mahali ambapo hata jiwe linaonekana lina kiu. Mizizi yake huweza kushuka zaidi ya mita 30. Mwaka 2019 jirani zetu wa Emirati waliufanya nembo ya Mwaka wa Uvumilivu, kwani ndio mti ambao wazee walikuwa wakikutana chini yake kushauriana. Kivuli chake ni chepesi, chenye madoa ya jua, na watu wengi wanauona ni upungufu. Mimi naona ndio uzuri wake. Chini ya mghafu upepo unapita, mboga zinaota, na joto halikwami chini ya majani kama chini ya mwavuli.

Ila uangalie unachopewa. Mghafu una ndugu wa kambo kutoka Amerika, huku anaitwa ghuwaif, na Wakenya wanamjua vizuri kwa jina la mathenge. Anajiotea mwenyewe kwenye mabonde, na mche wake ukiwa mdogo watu wasiojua huuchimba wakidhani wamepata mghafu wa bure. Usitazame majani, tazama miiba. Shika kijiti baina ya vidole. Mghafu una miiba midogo, mifupi kama meno ya paka, imetawanyika kwenye kijiti baina ya jani na jani. Ghuwaif miiba yake ni mirefu na inatoka miwili miwili pale pale linapochomoza jani. Maganda yake ya mbegu nayo ni manene na ya manjano. Mti huo ulipelekwa Kenya kwa nia njema ya kuzuia jangwa, na mwaka 2006 wafugaji wa Kiilchamus wa Baringo walikwenda mahakamani Nairobi kuishitaki serikali, wakiwa na mbuzi ambaye meno yake yaliharibika kwa kula maganda yake. Ukishauingiza uani ukauacha ukamea, utakuwa unaungoa maisha yako yote.

Mti wa tatu sikuuchagua mimi. Baba alifariki Machi 2013. Wakati wa kumuosha, waoshaji waliuliza majani ya mkunazi, kama inavyoulizwa Unguja, kama inavyoulizwa hapa ambapo mkunazi unaitwa sidri. Hatukuwa nao. Nilivuka barabara kwa jirani, nikapiga hodi saa kumi na moja alfajiri, na mwenye nyumba bila ya kuniuliza swali akapanda ngazi akanikatia matawi mawili. Nikayatwanga kwenye kinu cha Mama. Ukiyatwanga majani ya sidri mabichi na maji kidogo yanatoa povu, povu hasa, la kijani kibichi, lenye harufu ya nyasi zilizokatwa. Mikono yangu ilikuwa inateleza kwa povu lile na nilikuwa siwezi kulia bado. Nilikuwa nafikiri tu kuwa nyumba yetu ina miaka minane na haina majani ya kumuoshea mwenyewe.

Sidri, mbali ya hayo, ni mti wa kivuli wa kweli. Ni ndugu wa damu wa mkunazi wa pwani. Kilele chake ni kipana na cha duara, matawi ya nje yananing'inia mpaka unaweza kuyashika, na hayo ndiyo yanayozuia jua la saa kumi na moja ambalo limeshuka chini na linapita chini ya miti mirefu. Unavumilia ukame, unavumilia udongo wa mawe. Vuli ukichanua nyuki wanajaa mpaka mti unavuma, na asali ya sidri kila Muomani anajua bei yake. Una miiba miwili kila penye jani, mmoja umenyooka na mmoja umepinda kama ndoana, kwa hiyo haupandwi penye njia ya watoto. Na kunazi zikidondoka lazima zifagiliwe. Hayo ni madogo.

Tukapanda Novemba 2013, joto lilipovunjika. Kupanda huku Machi au Aprili, kwa sababu tu kitalu kimejaa miche mizuri, ni kuupeleka mtoto mchanga vitani. Novemba mche unapata miezi mitano ya kutafuta ardhi kabla ya kukutana na Mei.

Nilichagua miche mifupi. Muuzaji alikuwa akinishawishi nichukue sidri ya mita tatu, nami nikamuomba autoe kwenye chungu nitazame. Mizizi ilikuwa imezunguka chungu mara kadhaa kama kamba ya meli. Mti wa namna hiyo utaendelea kuzunguka ndani ya ardhi, na siku ya kimbunga hauna pa kujishikia. Mche wa nusu mita, wenye mizizi iliyonyooka, uliupita ule mrefu ndani ya miaka minne. Najua kwa sababu jirani wa nyuma aliununua ule mrefu.

Shimo tulichimba na mdogo wangu wa kiume, upana mita moja na nusu, kina cha chungu cha mche tu, si zaidi. Tukalijaza maji tuone. Alfajiri ya pili maji bado yalikuwa yamesimama humo. Chini kulikuwa na tabaka la chokaa iliyoshikana kama saruji, na mti uliopandwa juu yake ungezama mvua inyeshapo na kukauka jua liwakapo. Siku mbili tulilipiga kwa mtaimbo mpaka likatoboka na maji yakanyonywa. Nadhani kazi yote niliyoifanya katika ua ule, hiyo ndiyo iliyokuwa na thamani kuliko zote, na hakuna anayeiona.

Sidri tukaiweka mita nne kutoka ukuta wa Mama, magharibi. Mghafu kaskazini-magharibi, kwenye mkunjo wa mawe yangu. Tukazungusha kila mti jaruba la udongo kama Ami, tukafunika ardhi kwa makuti ya mtende yaliyokatwakatwa, shina lenyewe tukaliacha wazi lipumue. Maji yalikuwa mengi kwa mkupuo mmoja, kisha kusubiri. Majira ya joto ya mwanzo kila siku ya tatu, ya pili kila wiki, na kila mwaka nikilitanua jaruba lifuate ncha za matawi, kwa sababu mizizi inayokunywa iko huko, haiko shinani. Mara moja kwa mwezi nikitia maji maradufu ili kuisukuma chumvi chini. Matawi ya chini sikuyagusa miaka mitatu, ingawa kila mgeni alinishauri niyakate mti upande juu. Matawi hayo ndiyo nguo ya shina. Jua la hapa linalichoma gome changa mpaka linapasuka.

Mghafu ulinijaribu. Mwaka wa kwanza haukuongezeka hata shubiri mbili. Mama alikuwa akiupitia asubuhi akinambia, "Huyu hajakusudia." Mwaka wa pili hivyo hivyo. Mwaka wa tatu, mwezi wa Aprili, miti mingine ikianza kuchoka, ukachipua majani mapya mwili mzima kabla ya joto na tangu hapo haukusimama. Muda wote ule ulikuwa unashuka.

Oktoba 2021 kilipopita kimbunga cha Shahini, usiku nilikaa macho nikisikiliza. Asubuhi nilikuta majani, vijiti, na ndoo ya jirani. Miti yote mitatu ilikuwa imesimama.

Mkungu nao Mama aliupata, mwaka 2016, baada ya mimi kukubali kuwa si mti wa kumkinga yeye na jua. Ni mti wa kukingwa. Uko mashariki, katika pembe baina ya nyumba na ukuta, ambapo baada ya adhuhuri nyumba yenyewe inautia kivuli na gharbi haufiki. Na haunywi maji ya bomba. Viyoyozi vyetu vitatu vinadondosha maji upande ule, maji yaliyotoka hewani, hayana chumvi hata chembe, na siku za unyevu wa Agosti ndoo ya lita 15 inajaa mara tatu. Mama ndiye mwenye zamu ya ndoo. Hakubali mtu mwingine aimwage. Mkungu haujafika juu ya paa na pengine hautafika, lakini majani yake ni mapana na mazima mpaka ncha, na mwaka juzi ulizaa makungu kumi na moja, akayavunja kwa jiwe barazani akamgawia kila mjukuu kokwa yake.

Kiti chake sasa kiko chini ya sidri kuanzia adhana ya alasiri mpaka magharibi, miezi yote isipokuwa katikati ya Juni na Julai, siku zile ambazo hakuna mti duniani utakaomsaidia mtu kukaa nje. Ukuta wa chumba chake usiku ni vuguvugu. Kiyoyozi anakizima mwenyewe.

Wiki tatu zilizopita, baada ya isha, mlango ulibishwa hodi. Alikuwa kijana wa nyumba ya tatu, hajafika miaka ishirini, ameshika mfuko mtupu wa plastiki. Hakuweza kumaliza sentensi. Nikamshika mkono nikamwambia babu yake alikuwa mtu mwema, nikachukua mkasi, yeye akanimulikia kwa simu. Nilimkatia matawi ya upande wa kusini, ambako jua la Juni halipiti, nikamfundisha namna ya kuyashika asidungwe na mwiba uliopinda. Mama alikuwa ameshatoka na kinu.